Soksi za Kijivu za Tata Ngoie

Nimestaafu. Nalisema neno hili kila asubuhi nikiamka, na kila asubuhi linanipa raha ile ile. Zaidi ya miaka thelathini nimepiga magoti mbele ya miguu ya wanaume wa Kolwezi. Nimeishika, nimeipima, nimeivisha soksi, na mingine Mungu mwenyewe anajua ilikuwa na harufu gani. Sasa miguu ninayopaswa kuitunza ni yangu miwili tu, nayo hainiulizi kama kuna rangi nyingine.

Vijana wa kaunta, ninyi mnaouza leo pale mtaa wa Manika, mliniambia, “Tata Kasongo, uandike mbele ya kusahau.” Haya, naandika. Sitawaambia nani alinipandisha cheo wala nilikuwa napata kiasi gani. Yale yalikuwa machache na hayafundishi kitu. Nitawaambia habari za soksi, ambazo kwetu tumezoea kuziita shosete, na hasa habari ya jozi moja ya kijivu iliyotaka kunimaliza kwa hofu. Kiswahili changu ni kile cha shule ya misheni, mtanivumilia. Lakini watu nitawaacha waseme kama walivyosema.

Nilianza kazi katika miaka ya mwisho ya Wabelgiji, dukani kwa Mgiriki mmoja tuliyemwita Patron, basi. Duka lilikuwa na milango miwili. Mbele palikuwa na mlango wa kioo, wa wazungu. Ubavuni palikuwa na dirisha kubwa lenye ubao, na hapo ndipo sisi weusi tulinunulia, tumesimama nje, jua au mvua. Sisi wauzaji tulikuwa ndani, katikati. Nguo zilikuwa zile zile, zilitoka katika maboksi yale yale, lakini mteja wa mbele aliambiwa “tafadhali” na mteja wa dirishani aliambiwa “haraka.”

Aliyenifundisha kazi alikuwa Tata Kalonji, mtu wa Kasai, ambaye baba yake aliletwa kufanya kazi ya mgodi. Yeye mgodi aliukataa, alisema hapendi mahali ambapo mtu haoni miguu yake. Siku yangu ya kwanza nilikuja nimevaa shati jipya, nikidhani nitauza. Akaniketisha juu ya sanduku karibu na dirisha.

“Weye, usiangalie sura ya bantu,” akaniambia. “Sura inadanganyaka. Angalia miguu, paka miguu tu.”

Nikaangalia miguu kutwa nzima. Tulipofunga akaniuliza, “Ni wangapi shosete yao ilianguka mpaka ku kifundo?” Sikujua. Kesho yake akaniketisha tena pale pale. Siku ya tatu nilijua kila soksi iliyoanguka katika mtaa ule, na mpaka leo siwezi kukaa kanisani bila kuona magonjwa ya soksi kuanzia benchi la mbele mpaka la nyuma. Mke wangu ananifinya.

Wakati ule makarani wengi walivaa kaptula nyeupe iliyopigwa pasi ikasimama, na soksi ndefu mpaka chini ya goti. Ukunjo wa juu ulitakiwa kuwa vidole vinne chini ya goti, miguu yote miwili sawa, na ndani yake mpira wa kushika. Mpira ukilegea, soksi inashuka, na karani anaonekana kama ametoka kupigana. Mpira ukikaza sana, mguu unakufa ganzi na mteja anarudi kukutukana. Tata Kalonji alipima kwa kidole chake kidogo: kikiingia kati ya mpira na nyama bila kusukumwa, sawa.

Kwa suruali, sheria ilikuwa moja, na aliniimbisha kila siku: soksi inafuata suruali, haifuati kiatu. Suruali ya kijivu, soksi ya kijivu, hata kama kiatu ni cheusi. Nyeupe ni ya kaptula na ya komunyo ya kwanza. Nyekundu ni ya mtu asiye na rafiki wa kumwambia. Halafu mteja ajaribiwe akiwa amekaa, maana akisimama kila soksi ni ndefu. Kwa kuwa wateja wa dirishani hawakuwa na kiti, tuliwapitishia sanduku nje. “Kaa. Simama. Kaa tena.” Suruali ikipanda na nyama ya mguu ikichungulia, soksi hiyo irudi kwenye boksi.

Kipimo cha ukubwa ni ngumi. Mwambie mteja akunje ngumi, uizungushie soksi sehemu ya kukanyagia. Kisigino cha soksi kikikutana na ncha yake, imemtosha. Najua leo soksi zinavutika na mnacheka. Chekeni, lakini ngumi haijawahi kunidanganya.

Kesi ngumu zilikuwepo. Alikuwapo mchimbaji mmoja aliyepoteza mguu kwenye ajali, akaja akitaka kununua soksi moja. Nikaanza kubabaika, naogopa kumwonyesha huruma, naogopa kutomwonyesha. Tata Kalonji akanisogeza kando. “Tata, chukua mbili. Shosete haina kushoto wala kuume. Bengine inabadumu mwaka, weye itakudumu miaka mbili.” Yule mtu akacheka mpaka akashika ubao wa dirisha. Alikuwa mteja wetu mpaka mwisho, na alijigamba kambini, kwenye nyumba za watu wa mgodi, kwamba yeye peke yake ndiye anayenunua soksi kwa akili.

Sasa nifike kwenye ile ya kijivu.

Mzigo wetu ulikuja kwa treni kutoka magharibi. Safari moja behewa lilikwama stesheni ya Kasaji wiki nyingi, na panya wa Kasaji wakafanya sherehe ndani yake. Boksi moja la soksi lilipofunguliwa tulikuta karibu kila jozi imetafunwa kwenye vidole. Juu nzima, kisigino kizima, mbele tundu. Sijui panya wale walikuwa na ugomvi gani na vidole vya watu. Patron aliangalia, akatukana kwa Kigiriki, akasema, “Weye na Kalonji naziba. Nauza.”

Tukaziba. Tata Kalonji alinifundisha kuziba kwa globu ya taa iliyoungua: unaiingiza ndani ya soksi, tundu linakaa juu ya kioo, unapitisha nyuzi zikiwa zimesimama, halafu unapitisha nyingine kwa kuzivuka, juu, chini, juu, chini, mpaka tundu linakuwa kitambaa. Tangu siku hizo nilikuwa natembea na sindano yenye uzi, nimeichomeka ndani ya kola ya shati. Uzi wa kijivu uliisha mapema, tukatumia wa kijani. Vidole vya soksi za kijivu vikawa na kiraka cha kijani kama jani la muhogo. Na hapo Tata Kalonji akaweka sharti: “Hizi tunauzisha, lakini muntu unamwambia. Unamwonyesha raka kwanza, kisha anaamua.”

Nilielewa vizuri sana. Hilo ndilo linaloniuma, kwamba nilielewa.

Tata Ngoie Sylvestre alikuwa karani katika ofisi ya mgodi, mtu wa kaskazini mwa Katanga, mrefu, mpole, mwenye sauti ya chini. Alikuja dirishani siku moja asubuhi, wateja wakiwa wachache, akasema anataka soksi za kuvaa na kostimu yake ya kijivu. Komisio itakuja nyumbani kwake kesho.

Ninyi hamkuikuta ile komisio, kwa hiyo nieleze. Mweusi aliyetaka kuhesabiwa mstaarabu mbele ya serikali aliomba kadi, tukaiita karte. Kabla ya kuipata, wazungu walikuja nyumbani kwake kukagua. Waliangalia kama kuna uma na visu, kama mke anakula mezani na mume, kama shuka ziko kitandani, kama choo ni safi. Mtu mzima, baba wa watoto, anafunguliwa kabati na mgeni. Wengine walisema ni aibu. Wengine waliitaka hiyo kadi ili watembee nayo mfukoni wakijivuna. Mimi nilimdhania Tata Ngoie ni wa hao wa kujivuna, nikamtania.

“Tata, ukipata karte utatusalimia tena?”

Hakucheka. Aliinama karibu na dirisha ili watu wa nyuma wasisikie.

“Kasongo, mi nilipigwaka fimbo. Kule ku kambi ya zamani. Daftari ilipotea, balisema ni mi, na haikukuwa mi. Balinilalisha chini mbele ya bantu yote. Bibi yangu wa ndoa alisimama pale, balimwambia aangalie.” Akasogea karibu zaidi. “Tangu ile siku silale muzuri. Nikisikia buti nyuma yangu, mwili yote inakauka. Sasa, muntu wa karte, sheria inakataza kumupiga fimbo. Njo ile tu minatafuta. Bingine yote, ba uma na ba visu, babebe.”

Nilikuwa kijana wa miaka ishirini na kitu, na nilijiona nimeshika mkononi maisha ya mtu. Nikaapa moyoni kwamba huyu atavaa sawasawa. Na hapo ndipo ujinga wangu ulipoanza. Mguu wake ulikuwa mkubwa. Soksi nyeusi nzima za namba yake zilikuwepo, tele. Za kijivu ilikuwepo jozi moja tu, ile ya kiraka. Mtu mwenye akili angempa nyeusi. Mimi nikakumbuka soksi inafuata suruali, nikaona nyeusi ni dhambi. Nilimzungushia ile ya kijivu kwenye ngumi nikiwa nimeficha vidole vya soksi, penye kiraka, ndani ya kiganja changu, nikaifunga kwenye karatasi haraka. Kiraka sikumwonyesha. Niliogopa ataikataa. Nikajiambia: kiko ndani ya kiatu, nani atakiona?

Kesho yake asubuhi Tata Kalonji alikuwa anapekua lile boksi la panya.

“Ile ya kijivu, namba kubwa, iko wapi?”

“Nilimuuzia Tata Ngoie.”

“Ulimwonyesha raka?”

Nikaanza kupanga maboksi yaliyokuwa yamepangwa tayari.

“Kasongo. Leo komisio iko kwake saa ine. Ulimwonyesha?”

“Tata, haitaonekana. Iko ndani ya kiatu.”

Tata Kalonji alikaa chini. Sikuwa nimewahi kumwona akikaa saa za kazi. “Weye, ulishaingia mu nyumba ya Mama Albertine, bibi yake?”

“Bado.”

“Mi niko jirani yao. Ile sima yake, sakafu ya simenti, anapakaa sira nyekundu ya kung'arisha kila siku ya posho, anasugua na magoti mpaka unaona meno yako mule ndani. Muntu hapiti pale na kiatu. Hata padri anavuaka! Ngoie ni miaka tano anavua kiatu ku mulango, hata hajue tena kama anavua.” Akashika kichwa. “Na shosete nyeusi zilikuwapo! Nyeusi nzima, Kasongo! Nani alikuambia rangi inapita uzima?”

“Weye, Tata. Ulisema inafuata suruali.”

“Nilisema mu duka! Sikusema mbele ya komisio!”

Alinirushia jozi nyeusi na kuniambia nichukue baiskeli yake. Nikamuuliza, na Patron je? Akasema atamwambia nina tumbo baya. Nikasema tumbo kweli lilikuwa baya. Akasema vizuri, basi hatadanganya.

Nilikanyaga ile baiskeli mpaka kambini kwa njia ya vumbi, soksi nyeusi nimezitia kifuani ndani ya shati, nikiomba kwa sauti. Watu walinigeukia. Nilipofika, gari la serikali lilikuwa limeshasimama mbele ya ua. Nikazunguka nyuma, nikaingia jikoni bila kubisha.

Mama Albertine alikuwa anachemsha kahawa, amevaa kitenge chake kizuri, uso umemkauka.

“Kasongo wa duka? Unafanya nini huku? Toka, watu ya komisio beko ku barza!”

“Mama, Tata asivue viatu. Nakuomba. Asivue.”

“Nilimwambia mara kumi asivue! Leo bakanyage sima yangu namna banataka, roho inaniuma lakini bakanyage. Alisema ndiyo, alielewa.” Akanitazama vizuri. “Juu ya nini na weye unasema ile?”

Mlango wa jikoni ulitazamana na sebule. Tukaona wote wawili. Waliingia bwana mmoja wa serikali mwenye karatasi, karani wake, na madame mmoja mnene, yule aliyefundisha wanawake wa kambi kushona na kupiga pasi. Wazungu wakaingia na viatu vyao. Nyuma yao akaja Tata Ngoie, kostimu imemkaa, kravati imenyooka, na wakati anawaonyesha viti kwa mkono wa kuume, mguu wake wa kushoto ukakanyaga kisigino cha kiatu cha kuume, kikatoka. Halafu cha pili. Hakuangalia hata chini. Miguu ilifanya yenyewe kazi ya miaka mitano. Akasimama juu ya ile sima nyekundu inayong'aa, na vidole vyake vya miguu vilikuwa kijani.

“Yesu na Maria,” akasema Mama Albertine.

Nilijua nimemmaliza yule mtu. Nakumbuka nilifikiri maneno hayo hasa. Si baadaye, si kidogo: nimemmaliza. Yule bwana alitazama miguu, akaandika kitu. Tata Ngoie akafuata macho yake, akaona. Alisimama wima, mikono ubavuni, kama anangoja kuambiwa alale chini.

Ndipo madame akainama. Aliinama mpaka tukasikia koseti yake, ile ya kubana kiuno, ikilia, akavaa miwani, akakitazama kiraka kwa karibu. Akaita kwa sauti ya kanisani:

“Mama! Nani nafanya hii?”

Mama Albertine hakuwa amewahi kukiona kiraka kile. Alinitazama mimi. Nikajigusa kifua kumwambia ni mimi. Sijui alielewa nini, lakini alifuta mikono kwenye kitenge na kuingia sebuleni.

“Ni mi, Madame.”

“Weye?” Madame akamgeukia bwana wa serikali, akaanza kuzungumza Kifaransa kwa furaha na mikono yote. Nilishika kiasi: kwamba miaka miwili anawafundisha wanawake wa kambi hii kuziba soksi, wanaitikia ndiyo Madame, halafu wanazitupa. Kwamba hajawahi kuingia nyumba moja akaona kazi hii mguuni mwa mume. Kisha akamrudia Mama Albertine. “Weye naonyesha mimi. Leta sindano. Ziba sasa, mimi naona.”

Mama Albertine alirudi jikoni anatembea vizuri kabisa, na alipovuka mlango akanishika kola.

“Minakufa, Kasongo. Sijawahi kuziba shosete. Nionyeshe! Nionyeshe mbio!”

Mkono wake ulikuwa juu ya sindano yangu. Nikaichomoa. Nikatoa soksi nyeusi moja kifuani, nikaing'ata kwenye kidole, nikapasua tundu. Globu sikuwa nayo. Nikatazama juu: taa ya jikoni. Nikapanda kwenye kigoda, nikaifungua, nikaiingiza ndani ya soksi.

“Mama, nyuzi hizi zinasimama, moja moja. Halafu huu unavuka. Unapita juu, chini, juu, chini. Unarudi, kinyume chake.”

Alitazama nilivyopitisha mara mbili, akaninyang'anya.

“Lakini hii ni mukeka.”

“Njo mukeka, Mama.”

“Mama yangu alisukaka mikeka kule kwetu, ku mayi ya muto Lualaba. Na mi nilisukaka.” Kwa mara ya kwanza siku ile uso wake ukalegea. “Ungesema mukeka, Kasongo! Unanitisha bure!”

Akaingia sebuleni na globu yake, akaketi mbele ya madame, akasuka. Alisuka kwa utulivu, uzi umekazwa sawa, na kwenye kona akafanya fundo moja la kwao ambalo mimi mpaka leo ninalitumia, maana lilikuwa bora kuliko la Tata Kalonji. Madame alikuwa anaitikia kwa kichwa kwa kila uzi.

Mimi nilianza kupumua. Nilipumua mapema mno, kwa sababu yule bwana wa serikali alikuja kukagua jikoni. Alinikuta nimesimama kati ya meza na ukuta.

“Weye nani?”

“Mtu wa duka, Bwana. Nimeleta mzigo.” Nikamwonyesha soksi iliyobaki, moja. Aliiangalia, akaiacha.

Kwenye karatasi yake palikuwa na mstari wa taa. Akabonyeza swichi. Hakuna mwanga. Akabonyeza tena. Akatazama juu, akaona kishikio kitupu.

“Ngoie! Nyumba naandikwa iko na taa. Globu iko wapi?”

Tata Ngoie alikuja na soksi zake za kijani, akatazama juu, akanitazama mimi. Kutoka sebuleni Mama Albertine akainua kazi yake juu ya kichwa.

“Iko mu shosete, Bwana!”

Madame ndiye aliyeanza kucheka. Alicheka akapiga mapaja, karani akafuata, na mwisho hata yule bwana wa serikali alishika kizingiti akacheka mpaka akatoa kitambaa cha kujifuta macho. Mama Albertine alicheka kwa sababu wageni wanacheka. Tata Ngoie peke yake alibaki wima, mikono ubavuni. Wakanywa kahawa. Wakaangalia uma na visu haraka haraka. Wakasema jibu litakuja, wakaondoka.

Gari lilipokata kona, Tata Ngoie alikuja jikoni akavua soksi moja, akaigeuza nje ndani, akaisoma kama barua.

“Weye njo uliniuzisha raka?”

“Njo mi, Tata.”

“Ulijua?”

“Nilijua. Niliogopa utaikataa, utavaa nyeusi na suruali ya kijivu.” Nilipoyasema kwa sauti niliona haya mpaka masikio yakawaka moto.

Alikuwa na haki ya kunizaba kofi, na pengine ningefurahi. Alisema kwa sauti yake ya chini, “Ungeniambia, ningeivaa vile vile. Nina miaka mingi bantu banaamua juu ya mwili yangu, mi sijue. Weye usifanye vile.”

Vijana, kama mtasahau ngumi na mpira na vidole vinne, hayo msiyasahau. Mwonyesheni mtu kiraka. Tangu siku ile sijamficha mteja kasoro, hata pale Patron alipokuwa ananikanyaga mguu chini ya kaunta.

Jibu lilichelewa. Wiki zikapita, mvua zikaanza, kila mara Tata Ngoie akipita dirishani nilimwuliza kwa macho naye alitikisa kichwa. Nilikonda. Mke wa Tata Kalonji alidhani nimependa mtu. Tata Kalonji aliacha kunitania, na kwa Tata Kalonji hiyo ilikuwa dalili mbaya.

Kisha siku moja, kama saa nne na nusu asubuhi, mlango wa mbele ukafunguka, ule wa kioo, kengele yake ikalia. Aliingia Tata Ngoie. Nilitaka kumfanyia ishara azunguke dirishani, nikaona amenyoosha mkono mbele yake, na mkononi kadi. Aliishika kwa vidole viwili, mbali kidogo na mwili, kama imetoka motoni. Patron alikuwa anamhudumia bibi mmoja wa Kibelgiji. Akaitazama kadi, akamtazama mtu, akamrudia mteja wake.

“Kasongo,” akasema Tata Ngoie. “Ilikuya.”

“Ilikuya?”

“Ilikuya. Habawezi tena.”

Nikamshika mikono yote miwili, nikalia mbele ya wateja, sioni aibu kuwaambia. Yeye hakulia. Aliuliza kama anaweza kukaa kidogo. Kulikuwa na kiti cha ngozi pale katikati, cha wazungu kujaribia viatu, mgongo wake ukielekea mlangoni. Nilimwonyesha. Akakaa, akaegemea, akaweka kadi kifuani chini ya kiganja. Nikaenda kumletea maji.

Niliporudi amelala.

Alikuwa amelala usingizi mzito, mdomo wazi kidogo, kichwa kimeanguka begani. Mlango nyuma yake ulifunguka na kufungwa. Mzungu mmoja wa mgodi akaingia na buti zake nzito, akapita karibu kabisa na kiti. Tata Ngoie hakustuka. Hata kope haikucheza.

Tata Kalonji alitoka upande wa dirisha kuja kuona, akasimama, akavua kofia. Patron naye alimwona. Nikasema, “Patron, tafadhali,” na sikujua nitamalizia vipi. Patron alikuna shingo, akaenda kushika kengele ya mlango isilie.

Akalala mpaka adhuhuri. Wateja walikuja, weusi dirishani na weupe mbele, na sisi watatu tuliwauzia wote kwa kunong'ona.